Jina, Mkono na Njia: Uhuru wa Msanii na Deni Lake katika Mawe ya Tabaka

Utangulizi

Katika makao makuu ya UNESCO jijini Paris imo sanamu ya ndege iliyochongwa kwa jiwe la Kisii. Sanamu hiyo hujulikana kwa jina la Ndege wa Amani, na mchongaji wake anatajwa: ni Elkana Ong'esa, mzaliwa wa Tabaka. Katika maduka ya zawadi ya Nairobi, ya Mombasa na ya miji mingi ya Ulaya huuzwa viboko, vibakuli, visahani na sanamu za wapendanao, vyote vya jiwe hilohilo, lililochimbwa katika vilima vilevile. Chini ya vitu hivi kwa kawaida hakuna jina la mtu. Pengine pana jina la nchi, pengine pana bei tu.

Makala haya yanachunguza swali la kimaadili linalotokana na tofauti hiyo. Kwa nini ndege ana mwenyewe na kiboko hana? Je, msanii aliyepata jina amekinyang'anya kijiji chake kitu kilichokuwa cha wote, au amekinusuru kitu ambacho wenzake walinyang'anywa? Na ikiwa msanii huyo huitwa msanii huru, uhuru wake ni uhuru kutoka kwa nani, na unamwachia deni gani?

Swali hili si la wachongaji peke yao. Fasihi ya Kiafrika imebishana kwa miaka mingi juu ya mtunzi na jamii, na mara nyingi ubishi huo umeendeshwa kana kwamba jamii haina majina na mtunzi hana jamii. Mawe ya Tabaka yanatoa fursa ya kulitazama suala hilo upya, kwa sababu humo mtu anaweza kufuata kitu kimoja tangu kinapotoka ardhini hadi kinapokaa juu ya rafu ya mgeni, akaona ni hatua gani hasa jina linapong'oka.

Msanii na Kijiji Chake

Abagusii wanakaa hasa katika kaunti mbili za magharibi mwa Kenya, Kisii na Nyamira. Nyamira, na sehemu kubwa ya Kisii, ni nchi ya chai, migomba na mashamba madogo yaliyobanana. Uchongaji wa mawe haukuenea kote. Umejikita Tabaka, kusini mwa Kisii, palipo na machimbo. Hata hivyo jina la biashara, jiwe la Kisii, limewabeba watu wote wa vilima hivyo, wakiwamo wasiopata kushika patasi maishani mwao.

Jiwe lenyewe ni laini kiasi cha kukatwa kwa panga na kisu. Rangi zake ni nyingi: jeupe, la maziwa, la waridi, la kijivu, hata lenye mishipa ya wekundu. Wanaume hulichimba kwa sururu na mitaimbo, katika mashimo ambayo kingo zake huweza kuporomoka. Mchongaji hulikata umbo kwa panga, akalikaribia kwa patasi, kisu na tupa. Kisha kipande hupita mikononi mwa wengine, mara nyingi wanawake, ambao hukipiga msasa kwa maji mpaka alama zote za chuma zipotee. Baadaye hupakwa nta kikang'aa. Kwa hiyo hata kiboko kidogo kinachoenea kiganjani kimepita katika mikono ya watu watatu au wanne kabla ya kufika barabarani.

Elkana Ong'esa alizaliwa mwaka 1944 na kukulia katika mazingira haya. Safari yake ya elimu ilimpeleka Chuo Kikuu cha Makerere, Uganda, ambako shule ya sanaa iliyoasisiwa na Margaret Trowell ilikuwa imekwisha kutoa na kuajiri wasanii wa Afrika ya Mashariki. Miongoni mwao ni Mkenya Gregory Maloba, aliyechonga Mnara wa Uhuru wa Kampala mwaka 1962. Baadaye Ong'esa alisoma Chuo Kikuu cha McGill, Kanada, katika elimu ya sanaa. Msanii mwenye sifa hizo angeweza kuhamia mji mkuu, au ng'ambo, akaliacha jiwe liwe kumbukumbu ya utotoni. Ong'esa alifanya kinyume: karakana yake aliiweka Tabaka, na jiwe lake likabaki lile la vilima vya kwao. Mwaka 2014, Kenya ilipokuwa nchi mgeni katika Tamasha la Smithsonian jijini Washington, alikuwa miongoni mwa wasanii walioiwakilisha.

Hapa ndipo suala linapoanza kuwa gumu. Laiti angeondoka, ingekuwa rahisi kusema kwamba yeye ni msanii na waliobaki ni mafundi. Kwa kuwa alibaki, anatumia machimbo yaleyale na ujuzi uleule wa kulijua jiwe, na amezungukwa na jirani ambao nao huchonga tangu asubuhi hadi jua kuchwa. Tofauti ya jina inahitaji maelezo mengine.

Nadharia Mbili za Jina

Kuna majibu mawili ambayo hutolewa upesi. Jibu la kwanza ni la wale wanaoitetea sanaa ya jumuiya. Kwa maoni yao, sanaa ya Kiafrika ya jadi haikuwa na mwenyewe. Ilikuwa ya ukoo, ya kijiji, ya kabila. Jina la mtu mmoja juu ya kazi ni desturi iliyoletwa na ubepari pamoja na hati ya shamba na kitambulisho. Kwa hoja hii, kiboko kisicho na jina ndicho halisi, na ndege wa Paris ni dalili ya kumezwa na ubinafsi wa kigeni.

Jibu la pili ni la wale wanaomtukuza mtu mwenye kipaji. Kwa maoni yao, jina ni malipo ya upekee. Anayerudia umbo moja mara elfu hana anachostahili kutajiwa, kwa kuwa kazi yake ingeweza kufanywa na mwingine. Anayezua umbo jipya hana badala, na kwa hiyo hutajwa. Kiboko hakina jina kwa sababu hakina mtu ndani yake.

Majibu haya mawili yanaonekana kupingana, lakini yanakubaliana katika jambo moja la msingi: yote mawili yanaichukulia hali ya kutokuwa na jina kuwa ni sifa ya kitu chenyewe. La kwanza huiita sifa hiyo ujumuiya, la pili huiita uduni. Hakuna linalouliza kama kitu hicho kiliwahi kuwa na jina, na kama kiliwahi, nani alilifuta.

Wahakiki kadhaa wa sanaa walikwisha kulidokeza swali hilo. Sally Price, katika kitabu chake cha mwaka 1989 kuhusu namna nchi za Magharibi zinavyoipokea sanaa inayoitwa ya kikale, alionyesha kwamba msanii asiye na jina ni kiumbe wa mkusanyaji zaidi kuliko wa kijiji. Sidney Kasfir, katika makala yake ya mwaka 1992, alihoji dhana nzima ya uhalisi ambayo kwayo kazi ya Kiafrika hukubaliwa au kukataliwa. Hoja zao zilielekezwa hasa kwenye makumbusho na masoko ya ng'ambo. Inabaki kuzirudisha machimboni.

Jina Hupotelea Wapi?

Katika uchongaji wa kibiashara, mchongaji hulipwa kwa kipande. Hii si habari ndogo. Karakana inayolipa kwa kipande haiwezi kuendeshwa hata siku moja bila kujua nani kachonga kipande kipi. Vibakuli hamsini vikirundikwa pamoja, ni lazima pawe na mtu anayevitambua, au kwa alama iliyokwaruzwa chini, au kwa daftari, au kwa jicho lililozoea mkono wa kila mmoja. Kibakuli kikipasuka kwa sababu ya mshipa ambao mchongaji alipaswa kuuona, lawama humfikia mtu, haikifikii kijiji. Kiboko chenye shingo nzuri kikiagizwa tena, huagizwa kwa aliyekichonga.

Kwa maneno mengine, Tabaka hakuna kitu kisicho na mwenyewe. Jina limo katika kila kipande kinapotoka mikononi mwa mchongaji. Halipotei machimboni wala karakanani, hupotea njiani. Hupotea pale vipande vya wachongaji kumi vinapotiwa katika sanduku moja, pale msasa unapoondoa alama iliyokwaruzwa ili chini pawe laini, na pale mnunuzi wa jumla anapoandika katika karatasi zake idadi na ukubwa na rangi, asiwe na safu ya kuandikia mtu. Kila hatua kati ya hizo ina sababu yake, na pengine hakuna hata mmoja katika njia hiyo aliyekusudia ubaya. Lakini matokeo yake yana faida kwa mmoja na hasara kwa mwingine. Mchongaji asiyejulikana hawezi kutafutwa na mnunuzi wa mwisho, hawezi kupandisha bei kwa sifa yake, na anaweza kubadilishwa na mwingine kesho bila mtu kuuliza.

Tukilikubali hilo, jibu la wateteaji wa jumuiya linageuka. Hali ya kutokuwa na jina ambayo wanaisifu kama urithi wa mababu ni kitu kinachotengenezwa kila wiki, na kinatengenezwa na biashara. Hakuna familia, ya Nyamira wala ya Kisii, iliyowahi kualika arusini mwake muziki wa Kisii. Humwalika mpigaji fulani wa obokano, zeze kubwa la nyuzi nane, kwa jina lake, na ikiwa hakuja kila mtu hujua kwamba aliyekuja ni mwingine. Jumuiya ndiyo mahali ambapo majina hujulikana zaidi. Ni mgeni anayeiona jumuiya kuwa haina majina, kwa sababu yeye hayajui.

Jibu la watukuza kipaji nalo linayumba. Ni kweli kwamba kiboko ni umbo linalorudiwa. Hadithi nayo ni umbo linalorudiwa. Hata hivyo hakuna mhakiki wa fasihi simulizi anayedai leo kwamba mtambaji hana mchango wake kwa sababu hadithi ya Sungura na Fisi hakuizua yeye. Kinachorudiwa ni mfupa. Nyama ni ya msimulizi. Mchongaji naye hupewa jiwe ambalo halifanani na jiwe lingine, lenye mshipa usiotarajiwa na rangi inayobadilika katikati, na uamuzi wa kuuweka wekundu mgongoni au tumboni ni uamuzi wa mtu.

Kwa mtazamo huu, Ong'esa hakuiacha desturi ya kijiji chake kwa kutajwa. Alichofanya ni kuhakikisha kwamba jambo ambalo Tabaka inalijua, yaani kwamba kila kazi ina mkono wake, linafika Paris likiwa zima. Jina lake ni jina lililostahimili safari.

Umbo kama Msimamo

Uhakiki wa fasihi umezoea kusema kwamba fani na maudhui havitenganishwi. Kauli hiyo inasaidia hapa. Biashara ya zawadi haikufuta majina tu. Iliamua pia ukubwa wa vitu. Kitu kinachouzwa kwa mtalii ni lazima kienee katika sanduku lake la safari na kisilizidishe uzito. Hivyo tembo akawa na urefu wa kidole, na familia ya Kiafrika ikakunjwa mpaka ikatosha mfukoni. Mipaka ya sanaa ya mchongaji iliwekwa na shirika la ndege.

Ong'esa amejulikana zaidi kwa kazi kubwa, za jiwe ambalo haliwezi kubebwa mkononi. Chaguo hilo kwa kawaida huelezwa kama suala la mtindo, au la mafunzo ya chuo kikuu. Lakini lina upande wa kimaadili. Sanamu isiyoingia katika sanduku haiwezi kuchanganywa na nyingine hamsini. Anayeitaka ni lazima afunge safari, aagize, azungumze, amjue aliyeichonga. Ukubwa hulazimisha uhusiano kati ya watu wawili, na uhusiano huo ndio unaolibeba jina. Hapa uhuru wa msanii si hali ya moyo wala si kukaidi tu. Ni mpango wa kazi uliomo ndani ya jiwe lenyewe. Ameukataa udogo, na kwa kuukataa udogo ameikataa njia inayomeza majina.

Ni lazima kukiri kwamba mpango huo si wa kila mtu. Jiwe kubwa ni ghali kulichimba na kulisafirisha. Likipasuka, hasara yake ni ya miezi. Mchongaji mwenye ada ya shule ya kulipa Januari hawezi kuingoja taasisi ya kimataifa iamue. Uhuru wa Ong'esa kwa hiyo ulihitaji vitu ambavyo jirani yake hakuwa navyo: elimu, lugha za kigeni, marafiki katika ofisi za mbali, na muda. Kusema hivyo si kuidogosha kazi yake. Ni kukataa kuuita uhuru huo zawadi ya tabia njema, kana kwamba wasiokuwa nao walikosa ushupavu.

Kadhalika, jina lililofika ng'ambo halifiki likiwa huru kabisa. Huko nako hupewa kazi. Mchongaji hutakiwa awe msanii wa Kisii kwanza, awe mfano wa kabila na mwakilishi wa nchi, na ndege wake atakiwe kusema amani ya Afrika. Hivyo aliyeokoka kutokana na kufutwa hujikuta akielemewa na majina ambayo hakuyachagua.

Kutaja na Kusawazisha

Hoja iliyotangulia ina pengo, na ni haki kulifunua. Ikiwa kila kazi ina mkono wake, je, ndege wa Paris ana mkono mmoja? Nani alilichimba jiwe lake? Nani alilipiga msasa? Mantiki inayomtetea mchongaji wa kiboko dhidi ya mnunuzi wa jumla inaweza kugeuzwa ikawatetea wachimbaji na wanawake wa msasa dhidi ya mchongaji mwenyewe.

Tatizo hili halikuanzia Tabaka. Katika makao hayohayo ya UNESCO ipo sanamu kubwa ya Mwingereza Henry Moore, ya mtu aliyejilaza, iliyochongwa mwaka 1957 na 1958. Moore aliichonga kwa msaada wa waashi wa mawe wa kampuni ya Henraux huko Querceta, Italia. Mgeni anayeipita husoma jina moja. Kabla ya hapo, marumaru nyingi za Mfaransa Auguste Rodin zilichongwa na wasaidizi waliofuata vielelezo vyake. Kwa hiyo ulimwengu unaojivunia jina la msanii nao una watu wake wa njiani. Haukuifuta hali ya kutokuwa na jina. Uliihamishia hatua moja nyuma.

Sanaa changa kuliko uchongaji imelijibu tatizo hili kwa namna inayostahili kutafakariwa. Filamu humalizika kwa orodha ya majina. Mwongozaji hutajwa kwa herufi kubwa, lakini baada yake hutajwa mpiga picha, mshika taa, mshonaji, dereva, hata mpishi. Hakuna anayedhani kwamba dereva ndiye aliyeitunga filamu. Orodha haiwasawazishi watu. Huwataja kila mmoja kwa kazi yake. Ni kanuni ya kimaadili iliyofichwa katika desturi ya kiufundi: kutajwa ni haki moja, kuitwa mtunzi ni nyingine, na ya pili haipaswi kuimeza ya kwanza.

Yapo hata matumizi ya filamu yanayolirudia swali hili kwa nyuma. Petna Ndaliko Katondolo, mtengenezaji filamu huru wa Goma, mashariki mwa Kongo, na mwasisi wa kituo cha Yole!Africa, katika filamu yake fupi ya majaribio iitwayo Kapita, ya mwaka 2020, alizishika upya picha za enzi ya ukoloni ili kuzungumzia uchimbaji wa mali ya Kongo. Kapita, katika Kiswahili cha huko, ni msimamizi wa vibarua. Picha za aina hiyo zilipigwa ili kuonyesha mashine na maendeleo. Waafrika waliomo walikuwa mikono tu. Msanii wa leo hawezi kuyarudisha majina ambayo mpiga picha hakuyaandika. Anachoweza ni kumlazimisha mtazamaji alione pengo. Hapo inaonekana gharama ya kuchelewa: jina lisiloandikwa kwa wakati wake haliwezi kufufuliwa baadaye kwa huruma.

Pwani ya Waswahili nayo ilikuwa na utaratibu wake. Katika hati za tenzi, mtunzi alikuwa mmoja na mnakili mwingine, na mwisho wa hati ulikuwa mahali pa kujitaja. Muhamadi Kijuma wa Lamu, aliyefariki mwaka 1945, alikuwa mtunzi, mnakili na mchongaji wa mbao. Alipoinakili kazi ya mwingine hakuwa mtunzi wake, wala hakuwa si kitu. Desturi hiyo ilikuwa na cheo cha katikati, kati ya mwenye kazi na asiyekuwapo. Ni cheo hicho ambacho soko la mawe halinacho.

Sheria imelikaribia suala hili kutoka pande mbili bila kulifikia katikati. Mkataba wa Berne, tangu marekebisho ya mwaka 1928, unamtambulia mtunzi haki ya kudai kazi yake hata baada ya kuiuza, na Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 ina haki hiyo. Kwa upande wa pili, sheria ya Kenya ya mwaka 2016 inalinda maarifa ya jadi na semi za kitamaduni kama mali ya jumuiya. Mtu mmoja analindwa, na jumuiya inalindwa. Kilichosahaulika ni karakana: watu wanne wanaojuana, wenye kazi tofauti, wanaotoa kitu kimoja.

Deni la Wahakiki

Haingefaa idara ya fasihi kulijadili suala hili kana kwamba linawahusu wafanyabiashara wa mawe peke yao. Mwaka 1968, Ngũgĩ wa Thiong'o, Henry Owuor-Anyumba na Taban lo Liyong walipodai Idara ya Kiingereza ya Nairobi ivunjwe, walikiweka fasihi simulizi katikati ya masomo. Ushindi huo ulizaa miongo ya utafiti wa nyanjani. Wanafunzi walipelekwa vijijini na kinasa sauti, wakarudi na hadithi, nyimbo na methali. Kazi hiyo iliokoa mengi. Lakini msomaji wa tasnifu na mikusanyiko hukutana mara nyingi na utaratibu anaoufahamu tayari: jina la mkusanyaji liko juu ya jalada, na msimulizi ni bibi mmoja wa Kisii, au mzee wa Nyamira, umri wake ukikadiriwa. Hadithi ilichongwa na mtu, ikapigwa msasa kwa tafsiri, ikatiwa sandukuni.

Nadharia nayo imetoa udhuru. Roland Barthes alipotangaza kifo cha mwandishi mwaka 1967, na Michel Foucault alipouliza mwaka 1969 mwandishi ni nini, walikuwa wakiupinga utawala wa majina makubwa juu ya matini. Hoja zao zilikuwa na nguvu mahali ambapo kila matini ilikuwa na jina na jina lilikuwa na haki. Zikihamishwa bila tahadhari hadi mahali ambapo majina hayakuwahi kuandikwa, zinageuka kuwa kibali cha kuendelea kutoyaandika. Hafi mtu ambaye hajaruhusiwa kuishi. Bibi wa Nyamira hana budi kwanza kuwa mwandishi ndipo mhakiki apate haki ya kutangaza msiba wake.

Inawezekana kujibu kwamba wasimulizi wengine hawataki kutajwa, na jibu hilo lina haki yake. Yapo mambo ambayo mtu husema kwa sharti la kufichwa. Lakini kufichwa kwa ombi lake na kufichwa kwa sababu hakuulizwa si kitu kimoja. Uhuru umo katika kuulizwa.

Hitimisho

Makala haya yameanza kwa kuuliza kama msanii mwenye jina amekinyang'anya kijiji chake. Jibu ambalo mawe ya Tabaka yanalitoa ni kwamba hakunyang'anya, kwa kuwa kijiji hakikuwa na utajiri wa kutokuwa na majina. Kilikuwa na majina ambayo njia iliyapokonya. Kumtaka Ong'esa aliache jina lake kwa ajili ya usawa kungekuwa kuwaongezea wafutaji mtu mmoja zaidi. Hakuna mchongaji wa kiboko ambaye angefaidika.

Hata hivyo jina lililostahimili safari lina deni, na deni hilo si sadaka. Ni ushuhuda. Aliyefika anajua njia ilivyo, na anajua ni wapi wenzake waliachwa. Anadaiwa kwanza na wale wa karibu zaidi, yaani aliyelichimba jiwe na aliyelipiga msasa. Na taasisi inayoipokea kazi yake inadaiwa kuwauliza. Kadi iliyowekwa kando ya sanamu ina nafasi ya mistari minne kama ilivyo na nafasi ya mmoja.

Dhana ya msanii huru haina budi kurekebishwa kwa mujibu wa hayo. Hakuna mchongaji asiyemtegemea mchimbaji, wala mtunzi asiyewategemea waliomfundisha maneno. Ikiwa uhuru ni kukosa deni, basi hakuna aliye huru. Aliye huru ni yule ambaye anaweza kuyataja madeni yake bila hofu kwamba jina lake litapungua.

Swali moja linabaki, na halijibiwi kwa hoja peke yake. Mwanamke anayeketi kando ya beseni la maji huko Tabaka, kipande cha msasa mkononi, anaifuta alama iliyokwaruzwa chini ya kibakuli kwa sababu ameambiwa mnunuzi anataka pawe laini. Alama hiyo ni ya mwanawe, au ya jirani yake, anaijua. Kazi yake ya siku, inayomlisha, ni pamoja na kulifuta jina ambalo yeye mwenyewe angeweza kulisoma. Maadili ya sanaa yasiyoanzia kwenye beseni hilo yatakuwa yameanza mbali mno.